Mervyn Tattersall, Maiti Hodari

Mervyn Tattersall alikuwa mwigizaji, na kama hujapata kumsikia usijilaumu. Hata wakala wake wa London, aliyekula jasho lake miaka nenda miaka rudi, alikuwa akimwita Melvin. Mervyn mwenyewe alipenda kusema kwamba Uingereza nzima imemwona, ila hakuna aliyemtazama.

Alizaliwa Halifax, mtoto wa fundi bomba. Aliingia jukwaani akiwa kijana mrefu mwenye sauti nzito, watu wakamtabiria kwamba atafika mbali. Akafika Bolton. Huko alisimama na mkuki nyuma ya wafalme mbalimbali, kisha akapanda cheo akawa mbeba trei. Alisema "Chai tayari, mheshimiwa" katika kumbi za baridi za kaskazini mpaka akawa anaisema usingizini, na wenye nyumba alizopanga wakawa wanaamka wakidhani kweli kuna chai.

Halafu televisheni ikamwita. Mchezo mmoja wa upelelezi ulihitaji mtu wa kukutwa amekufa bwawani, naye akalala katika maji ya Novemba bila kutikisa hata kope, mpaka mwongozaji akaingiwa na wasiwasi akatuma mtu amguse kwa kijiti. Sifa hizo zikaenea. Waingereza ni watu wapole sana, lakini Jumapili jioni wakishakula hupenda kuona mtu ameuawa, na kila alipohitajika wa kuuawa, simu ya Mervyn ililia. Alikufa kwenye maktaba, kwenye uwanja wa kriketi, ndani ya pipa la divai na chini ya sanamu ya askofu. Siku moja pale buchani Halifax mama mmoja alimkodolea macho mpaka foleni ikasimama.

"Samahani, baba. Wewe si yule aliyekutwa kwenye pipa?"

"Ndiye mimi, mama."

"Mbona umenenepa?"

"Ni hewa. Siku hizi wananiruhusu kuvuta."

Ndivyo alivyokuwa. Alijicheka mwenyewe kabla hujamcheka, kama mtu anayefunga mlango wake mwenyewe kabla upepo haujaubamiza. "Wenzangu wanatafuta riziki wamesimama," alikuwa akituambia sisi wa fani yake, "mimi naipata nimelala. Halafu mnasema sikufanikiwa?"

Lakini kulikuwa na jambo moja ambalo hakuweza kulifanyia mzaha, nalo ni mkewe. Enid alikuwa mpiga chapa katika ofisi ya maji, na ni mshahara wake uliolipa makaa, viatu na nauli za mume za kwenda kufa huku na huko. Hakulalamika. Ila katika ndoa yao yote hakuwahi kumsikia Mervyn akisema jambo la maana jukwaani. Mara ya kwanza alipanda treni mpaka Bolton kumsikiliza, akakuta mwongozaji amefyeka maneno ya mumewe asubuhi ile ili watazamaji wawahi basi. Mara ya pili ilikuwa televisheni. Mervyn alikuwa amepewa sentensi nzima, majirani wakaalikwa, keki ikakatwa. Akaonekana akifungua mlango, akafungua kinywa, akapigwa risasi. Mama yake Enid, ambaye hakupata kumpenda mkwewe, akasema, "Afadhali safari hii amefungua kinywa."

Kwa hiyo, akiwa uzeeni, Mervyn alikuwa na haja moja tu kabla ya kutundika viatu. Alitaka Enid aketi kwenye kiti chekundu cha ukumbini, amsikie akisema maneno ya kushiba, ajue kwamba miaka yake ya kupiga chapa haikulisha mtu wa bure.

Nafasi ikaja, kama zinavyotujia sisi, kwa mlango wa nyuma. Ukumbi mmoja wa ufukweni pale Bridlington ulimchukua kwa msimu wa kiangazi awe mwigizaji wa akiba wa Aubrey Fenwick. Aubrey alikuwa mtu mashuhuri, nywele nyeupe, jina kubwa kwenye bango. Kazi ya mtu wa akiba ni kujifunza maneno yote ya mkubwa, kukaa chumba cha nyuma karibu na birika, na kumwombea mkubwa afya njema huku moyo ukiomba vingine.

Mchezo wenyewe ulikuwa wa kuchekesha. Mjomba tajiri anajifanya amekufa kwa sumu ili asikie warithi watasema nini. Analala kwenye kochi, warithi wanagombana juu yake, na mpwa wake wa kiume anapotamka, "Na nyumba hii ni yangu!" mjomba anainuka kama mzuka na kuwatolea hotuba ndefu inayowavua nguo wote. Kicheko kizima kilikuwa hapo kwenye kochi. Aubrey alikuwa akifumbua jicho moja kuwaangalia watazamaji, akijikuna pua, akikunja uso kila alipotukanwa, na watu walikuwa wakicheka mpaka machozi.

Mervyn aliyaona hayo kutoka pembeni mwa jukwaa akasikitika. Aliona ni aibu kwa taaluma. Maneno aliyafanyia mazoezi katika karavani waliyokodi, nyumba ile ya magurudumu iliyoegeshwa kwenye kambi ya wapumzikaji nje ya mji, Enid akimsomea warithi wote, wa kike na wa kiume, huku anamenya viazi. Kufika Julai Enid alijua mchezo ule kuliko Aubrey.

Jambo jingine lilijulikana na kundi zima. Majira ya kuchipua yaliyopita Mervyn alianguka akiwa posta, madaktari wakamsikiliza moyo na kumpa vidonge. Philippa, msichana aliyeigiza mpwa wa kike, alikuwa akimkimbilia kila alipopanda ngazi. "Polepole, babu," angesema. Mervyn angemjibu kwamba yeye kufa amezoea, ni kupanda ngazi kunakomsumbua.

Jumatano moja asubuhi simu ya ofisi ya kambi ikaita, Mervyn akaitwa kuipokea. Alikuwa Gwen, msimamizi wa jukwaa.

"Mzee Mervyn, umekaa?"

"Nimelala."

"Basi inuka. Aubrey ameamka hana sauti, hata kutukana hawezi. Onyesho la mchana ni lako."

Mervyn akarudi kwenye karavani, akamwambia Enid, kisha akatapika nyuma ya mti wa jirani. Enid akampa maji. "Vaa fulana ya ndani," akamwambia, "na usiharakishe ile sehemu ya katikati. Huwa unaiharakisha." Akachukua kofia yake ya harusini, akaenda kujikatia tiketi mwenyewe, kwa sababu hakutaka kuingia bure siku kama hiyo.

Kwetu jukwaani hatutakiani heri, maana heri ni mkosi. Tunaombeana kuvunjika mguu. Gwen alichungulia chumba cha kuvalia, akakuta mzee anapakwa poda.

"Uvunjike mguu, mzee wangu."

"Kwa umri huu usiombe kwa sauti."

"Na usisahau jicho."

"Gwen, maiti hafumbui jicho."

"Huyu si maiti, Mervyn! Anajifanya!"

"Warithi hawajui kama anajifanya."

"Lakini watazamaji wanatakiwa wajue! Ndiyo kichekesho chenyewe, jamani."

Mervyn akaitikia kwa kichwa kama anavyoitikia mtu ambaye keshaamua. Tusimlaumu sana. Mwanadamu akiwa na ujuzi mmoja tu maishani, ukimwambia auharibu makusudi mbele ya mkewe, anakuwa kiziwi.

Ukumbi ulijaa wazee wa mchana, wale wanaoletewa trei ya chai mpaka kitini na kumenya karatasi za peremende kila mtu anaposema jambo muhimu. Enid alikaa mstari wa nne, mwishoni. Sehemu ya kwanza ilikwenda salama. Mervyn alisema maneno machache ya mjomba, hayakuwa mengi wala matamu, mengi yalikuwa yanamsubiri kule mbele. Akanywa sumu yake, akajishika koo, akaangukia kochi, akafa.

Na alikufa vizuri, Mungu ni shahidi. Kifua kikatulia. Taya likalegea kidogo, upande mmoja tu, kama alivyojifunza kule bwawani. Mkono ukateleza kutoka kwenye kochi ukaning'inia, na vidole havikutikisika. Watu wakasubiri kichekesho. Hakikuja. Mtu mmoja akakohoa, halafu hata kukohoa kukakoma. Akiwa amefumba macho, Mervyn alikisikia kimya kile akaona raha. Aliwaza, wameshikika hawa, wote mkononi mwangu.

Philippa alitakiwa aliinamie kochi na kusema, "Maskini mjomba, na hajanipa pete." Akainama. Hakusema.

"Mervyn?" akanong'ona. "Babu? Nifinye hata kidole."

Msichana hodari, akawaza Mervyn, anatunga mwenyewe. Hakumfinya, kwa kuwa maiti hafinyi mtu.

"Jamani, hapumui!" Hiyo haikuwa sauti ya mpwa wa kike. Ilikuwa ya Philippa mwenyewe, na ilifika mpaka kwa wauza aiskrimu. "Moyo wake! Kuna daktari humu?"

Trei zikaanguka. Mzee mmoja wa mstari wa pili akapanda jukwaani akihema, akasema yeye ni daktari wa mifugo mstaafu, lakini moyo ni moyo. Akapiga magoti akamwekea Mervyn sikio kifuani, sikio lililokuwa limeacha kusikia siku nyingi, akatangaza kwa huzuni kwamba hasikii kitu.

Hapo mtu mwenye akili zake angeamka. Mervyn alijua wazi kwamba mambo yameharibika. Lakini alikuwa mtu wa jukwaa. Tunafundishwa tangu mwanzo: pazia likianguka, taa zikizimika, mwenzako akisahau kila kitu, usitoke mahali pako mpaka usikie neno la kukuita. Neno lake lilikuwa, "Na nyumba hii ni yangu," na yule kijana wa kulisema alikuwa analia pembeni ya kabati. Basi Mervyn akalala, daktari wa ng'ombe amemkalia tumbo, akingoja zamu yake. Kwa mara ya kwanza maishani alikuwa na hotuba ya kurasa mbili kinywani, na hakuna wa kumpa ruhusa.

Ndipo aliposikia viatu vikipanda ngazi za mbele, polepole. Mtu akamsukuma daktari pembeni.

"Mervyn," sauti ikasema. "Mervyn, amka."

Alikuwa ameisikia sauti hiyo ikimwamsha asubuhi zote za ndoa yake. Lakini hivi haikuwahi kuwa. Haikuwa na tumaini. Alikuwa anamwamsha kama anavyoamshwa mtu anayejulikana hataamka.

Akafumbua macho bila kuitwa na neno lake, jambo ambalo hakuwahi kulifanya tangu aingie katika kazi hii. Enid alikuwa amepiga magoti, kofia imekaa upande, uso hauna damu. Wakatazamana. Kisha Enid akainua mkono akamchapa kofi lililosikika mpaka mlango wa nje, ukumbi mzima ukalipuka kwa kicheko na makofi, na Gwen akashusha pazia.

Baada ya kunywa maji na kuapa mbele ya watu watatu kwamba ni mzima, Mervyn aliruhusiwa kuendelea. Pazia likapanda, kijana akasema nyumba ni yake, mjomba akainuka, na hotuba ikasemwa yote, kuanzia neno la kwanza hadi la mwisho. Hakusahau kitu. Hakuharakisha katikati. Peremende zilimenywa kwa wingi. Ilikuwa hotuba ya kawaida iliyosemwa na mwigizaji wa kawaida, na alipofika nusu Mervyn alilijua hilo yeye mwenyewe. Akautafuta mstari wa nne. Kiti cha mwisho kilikuwa kitupu.

Alimkuta nje, kwenye benchi linalotazama bahari ya kijivu, na kikombe cha chai ambacho hakukigusa. Akakaa kando yake na poda yake usoni.

"Hukuisikia," akasema.

"Sikuisikia. Sikuweza kurudi kukaa."

"Haidhuru. Haikuwa kitu. Kweli, Enid, haikuwa kitu. Hata yule daktari wa ng'ombe alisinzia."

Alitegemea acheke. Hakucheka.

"Mchezo ule naujua wote," Enid akasema. "Nimekusomea kwenye karavani mwezi mzima. Nilijua utalala na nilijua utaamka, na nilijua ni neno gani litakuamsha. Yule binti alipopiga kelele nikajiambia, huyu ni Mervyn, ndiyo kazi yake. Halafu nikakutazama." Akakizungusha kikombe mkononi. "Nikawa mjane, Mervyn. Palepale, na chai mapajani. Nilipanda zile ngazi ni mjane."

Mervyn alitafuta mzaha, maana alikuwa nao wa kila tukio. Badala yake kikamtoka kitu kingine, na aliona haya huku kinamtoka.

"Kwa hiyo nilikuwa mzuri?"

Enid akamgeukia. Alikuwa analia sasa, waziwazi, mbele ya watu na mbwa wao.

"Ulikuwa mzuri mno, mshenzi wewe. Miaka yote hii nilidhani wanakulipa kwa kulala tu. Sikujua. Sikujua kama ni hivyo."

"Basi sifi tena."

"Utakufa. Kila mtu anakufa. Mimi nataka uniage kwanza, basi."

Mervyn akafungua kinywa. Hotuba ya kurasa mbili ilikuwa bado imo kichwani, nzima, na haikuwa na neno hata moja la kumpa. Akachukua kile kikombe kilichopoa, akakinywa chote, na wakabaki wamekaa pale mpaka Gwen alipotoka kuidai ile suti ya mjomba aliyokuwa bado ameivaa.