Kiingereza cha Mama Upindo

Mama Upindo alishona nguo za watu tangu mwanawe hajaota meno, na jina hilo alipewa na wateja, maana hakuna fundi mwingine mtaani aliyekunja upindo wa suruali ukatulia kama wake. Jina la kuzaliwa lilibaki kwenye kitambulisho tu. Chumba chake cha kazi kilikuwa na mlango wa kutokea barabarani, vyerehani viwili, kimoja kizima na kingine cha kunyofoa vipuri, na meza ndefu ya kukatia ambayo mbao zake zilikuwa hazionekani kwa vitambaa.

Mtaa mzima ulikuwa wa nguo. Wauza vitambaa walitoka nchi hii na ile, wanunuzi walitoka mbali zaidi, na kila mtu alikuja na Kiingereza chake kama anavyokuja na mwavuli wake. Huyu aliburuta maneno, yule aliyakata, mwingine aliyaimba kabisa, na wote walisikilizana. Mama Upindo aliacha shule mapema, kwa hiyo alikiokota humohumo, katikati ya viuno, mabega na mikono ya mashati. Hakuna mteja aliyewahi kuondoka pale na suruali fupi kwa sababu ya lugha.

Shida ilikuja kwa njia ya simu. Mwanawe, huyo huyo mmoja Mungu aliyemjalia, alikuwa muuguzi ng'ambo. Huko akaoa mwanamke ambaye naye alitoka ng'ambo nyingine, na nyumbani kwao wakakutania kwenye Kiingereza. Wakapata binti. Binti alikuwa ameshaanza shule, na bibi yake hakuwahi kumwona ila kwenye kioo cha simu. Kila Jumapili walipigiana. Mtoto alimwaga maneno mbiombio, bibi akadaka moja moja, akasema ndiyo, ndiyo, akacheka pale alipodhani ni pa kucheka. Punde mtoto alichoka. "Baba, chukua simu," alisema. Maneno hayo matatu Mama Upindo aliyaelewa vizuri kabisa, na kila Jumapili yalimchoma.

Siku mwanawe alipompa habari kwamba wanakuja likizo, wote watatu, alipiga vigelegele mpaka majirani wakachungulia. Kisha hofu ikamwingia. Aliona jinsi itakavyokuwa: mtoto atakuja, atasalimia kwa adabu, atapigwa picha na bibi, ataondoka kama mgeni alivyokuja. Naye hakutaka heshima. Alitaka kusumbuliwa, kukaliwa mapajani, kuchezewa vifungo vyake. Akajiambia kuwa kinachomwangusha ni kile Kiingereza chake cha mtaani, chenye vumbi la vitambaa, na kwamba lazima apate kilicho safi.

Basi akaenda kugonga kwa jirani yake, Mtangazaji. Huyu mzee alisoma habari za Kiingereza redioni mpaka akastaafu, na hata sasa alipoomba chumvi mezani, watu waliacha kutafuna. Kiingereza chake alifundishwa ujanani na wageni ambao wajukuu zao, alivyokuja kusema mwana wa Mama Upindo baadaye, hawakiongei tena hivyo. Lakini Mtangazaji alikitunza, akakipiga pasi kila siku, na alifurahi mno kupata mwanafunzi.

Kila jioni baada ya kufunga kazi, Mama Upindo alikaa kwenye kiti cha plastiki barazani kwa mzee, kizibo cha chupa katikati ya meno ili matamshi yanyooke, akirudia maneno. Alikatazwa kurusha mikono. Alikatazwa kucheka katikati ya sentensi. Na zaidi ya yote alikatazwa ile tabia yao wote pale mtaani ya kusimamisha sentensi njiani ili msikilizaji aimalizie. Kifungo tunakiweka wapi? Mwenzako anasema, kwenye kola. Eeh, kwenye kola, na mazungumzo yanaendelea. Ni tabia waliyotoka nayo shuleni, ambako mwalimu mmoja alikuwa na watoto wamejaa mpaka madirishani, na namna pekee ya kujua nani hajasinzia ilikuwa kumwachia mkia wa sentensi aushike. Walimu walikuwa wakifanya hivyo kwa lugha zote, na Kiingereza hakikupona.

"Habari haiulizi, mama," Mtangazaji alimwambia. "Habari inasema."

Mama Upindo akabana mikono mapajani, akaanza sentensi upya.

Wageni walipofika, alikuwa amesimama mlangoni na gauni jipya, mikono imebanwa mapajani. Akatoa makaribisho yake yote bila kukosea hata mahali pamoja, sauti imeshuka, kila neno limesimama peke yake. Mtoto alirudi nyuma, akajificha kwenye sketi ya mama yake, akauliza taratibu kama kuna mtu amefariki. Mkwewe akang'ata mdomo ili asicheke. Mwanawe hakucheka. Alimtazama mama yake kama mtu aliyekuta nyumba ya kwao imepakwa rangi nyingine, na walipobaki wawili akamuuliza nani kamfundisha kuongea vile. Mama Upindo akamwambia anyamaze, hajui alilolihangaikia.

Siku zikaanza kwenda, na lile alilolihofia likawa linatokea mbele ya macho yake. Alitangaza mkate, alitangaza maji ya kuoga, alitangaza kwamba nje kuna jua. Mtoto alishukuru kwa adabu na kurudi kwa baba yake. Usiku Mama Upindo alilala akiutazama ukuta. Aliumia, hakuna neno jingine.

Asubuhi moja mwanawe na mkewe walikwenda kumwona shangazi aliyekuwa mgonjwa, wakamwacha mtoto apimwe gauni ambalo bibi alimuahidi. Mtoto akapandishwa juu ya meza ya kukatia, kitambaa cha njano kikamzunguka. Mama Upindo akaanza kwa sauti ya redio kumweleza atakalofanya. Lakini upindo haupimwi bila pini, na fundi pini zake anaziweka wapi? Anazibana midomoni. Ukiwa na pini midomoni huwezi kusoma habari. Akainama kwenye upindo, mkono ukashika kazi, na Mtangazaji akamtoka kichwani kabisa.

"Sasa tunageuza hapa," alinong'ona kwa Kiingereza chake cha siku zote, "tunakunja kidogo, halafu tunachomeka nini?"

"Pini," mtoto akajibu.

"Eeh, pini. Tunachomeka pini ili upindo usifanye nini?"

"Usikimbie."

"Usikimbie," akakubali Mama Upindo, na alikuwa ameshafika upande wa pili wa gauni kabla hajashtuka. Akainua kichwa. Mtoto alikuwa anamwangalia kwa macho makubwa.

"Bibi," akasema, "kumbe unaongea kama baba."

Na hapo mdomo ukafunguka. Alieleza kwamba baba yake akimvalisha viatu, akimchana nywele, akimpeleka shule, huongea hivyo hivyo, na yeye mwenyewe huongea hivyo akicheza na wenzake. Mwanzoni walimwangalia tu, sasa wote wanajibu. Hata mwalimu wao, ambaye hapo nyuma alimwambia amalize sentensi zake mwenyewe, siku hizi akitaka darasa litulie anafanya nini? "Anawaachia nyinyi mmalizie," akasema Mama Upindo. Eeh. Kwenye simu mtoto hakuwahi kumwachia bibi mkia wa sentensi, maana alidhani huo ni mchezo wa baba tu. Maneno yaliyokuwa yakimpita huko sasa yalisimama kumngoja kila kituo, naye akayapanda bila taabu.

Alitema pini kwenye kiganja, akakaa kwenye kigoda chake, akashusha pumzi ambayo aliibeba tangu simu ya kwanza. Alidhani mwanawe aliondoka na begi la mashati tu. Kumbe aliondoka na kinywa cha nyumbani, na sasa watoto wasiojua mtaa huu uko upande gani wa dunia wanaongea kama mafundi wake. Alicheka mpaka akafuta macho kwa kile kitambaa cha njano. Mtoto akashuka mezani, akaja kumkalia mapajani, akaanza kumchezea vifungo.

Mtangazaji alipopita jioni kukagua mwanafunzi wake, mtoto alimzunguka na gauni lake, akamweleza kwamba limeshonwa na nani? Mzee akakohoa. Akatengeneza kola. Akatazama barabarani kama kuna msaada unaokuja.

"Na bibi yako," akasema hatimaye.

Likizo ilikwisha, wakaondoka, na Mama Upindo alilia kama watu wote wanavyolia. Jumapili simu ikaita. Mtoto alikuwa na mengi: gauni lilivaliwa, lilisifiwa, lilimwagiwa maziwa, na maziwa yakatolewa kwa nini? Kwa sabuni, akajibu bibi, na maji ya baridi. Wakaendelea hivyo mpaka chai ya Mama Upindo ikapoa kikombeni. Kwa nyuma ikasikika sauti ya mwanawe, akiomba naye apewe simu amsalimie mama yake.

"Baba, ngoja," mtoto akasema. "Si unaona ninaongea na nani?"

Kikasikika kiti kikivutwa kule ng'ambo.

"Na bibi yako," mwanawe akajibu.