Mgeni Asiyetikisa Kikombe

Usiponiamini sitakulaumu. Mke wangu haniamini, naye ananijua. Lakini jambo hili lilinitokea, na si usiku wa manane: ilikuwa baada ya alasiri, Hamriya, mtaa mkongwe wa mji wetu huku Uarabuni, jua linawaka.

Shangazi yangu, Bi Zuwena, anaishi peke yake katika nyumba kuukuu ya huko. Sisi watoto wa ndugu zake tulikwisha kuamua ivunjwe, yeye ahamie kwangu, Hail, mtaa mpya wa nje ya mji. Ilibaki sahihi yake tu. Nikachukua karatasi ya kutia sahihi, na pamoja nayo makala yangu mpya kuhusu Paris: jinsi katika karne ya kumi na tisa walivyobomoa vichochoro vya kale, wakafungua barabara pana, wakachimba mitaro, wakaingiza mwangaza. Nilijiambia, kama Paris ilikubali kubomolewa, Bi Zuwena ni nani akatae? Ndivyo tulivyo sisi tuliosoma.

Nilimkuta na mgeni. Amevaa koti zito la sufu katika joto letu hili, viatu vyeupe kwa vumbi la chokaa. Alinisalimu kwa Kiswahili cha Unguja hasa. Kwetu mgeni haulizwi shida yake mpaka anywe kahawa, atikise kikombe kuonyesha imetosha. Huyu hakutikisa. Anamiminiwa, anakunywa, anamiminiwa tena. Ningefanya nini? Nikasoma makala yangu.

"Maneno mengi," shangazi akasema. "Kama baba'ko."

Mgeni akauliza taratibu, "Na tuliokuwamo tulikwenda wapi?"

"Nyinyi nani?"

"Wa vyumba vya juu, kwenye vichochoro hivyo. Hukututaja."

Nikapekua kurasa, wallahi nilipekua. Mitaro ilikuwamo, miti na taa pia. Watu hawakuwamo. Nilipoinua macho, mahali pake ni patupu. Nyayo za chokaa zilitoka mlangoni hadi kwenye zulia; za kurudi hazikuwapo. Shangazi akainua chupa ya kahawa: imejaa, kama hajamimina hata tone.

"Rafiki yako huyo uliyemtanguliza hana adabu. Kaondoka bila kuaga."

"Rafiki yangu? Si jirani yako?"

Tukatazamana. Kisha akaitazama karatasi iliyochungulia mfukoni mwangu.

"Na mie wanipeleka wapi?"

"Hail, shangazi. Chumba cha juu, kina kiyoyozi."

"Chumba nshakisikia. Nani atanigongea mlango huko? Ntammiminia nani kahawa?"

Mimi niliyehutubia kumbi mbili tatu maishani, nikaisukuma karatasi ndani zaidi ya mfuko.

Karatasi ingali ndani ya gari, haina sahihi. Ndugu zangu wananiita mwoga, na sibishani nao. Makala nayo naiandika upya, haijaisha. Kila nikikaa kuandika waliofukuzwa walikwenda wapi, nakuta meza ina vumbi jeupe. Mke wangu anasema jirani anakarabati nyumba. Jirani yuko safarini tangu Ramadhani.

Basi wewe unayempelekea mzee wako karatasi ya kuvunjiwa nyumba, tazama kwanza nani amekaa naye. Ukimwona mgeni mwenye viatu vyeupe, vunja adabu, muulize katokea wapi kabla hajamaliza kikombe. Na makala yako iache garini.