Timu Iliyouzwa Kabla ya Mechi ya Newala

Sifa njema zote ni zake Mwenyezi Mungu, aliyenipa miguu ya kukimbilia mpira, na katika uzee huu akanibakizia ya kwendea msikitini.

Nilikuwa kiungo wa timu ya daraja la tatu pale Masasi. Kazi yangu ilikuwa kupokea mpira kwa mabeki na kuwagawia washambuliaji, huku nikiwaita kwa majina. Tulikuwa wakulima wa korosho, isipokuwa kipa, aliyekuwa fundi baiskeli. Msimu ule ilibaki mechi moja, kule Newala. Tukishinda, tungepanda daraja la pili, nami nilikuwa nimeliomba hilo katika sala zangu kwa miaka.

Soko huria lilikuwa limefika. Wanunuzi binafsi walileta malori yao hadi kwetu Lisekese, na kila kitu kikawa na bei. Wiki ile sokoni nilikutana na mtani wangu, Mmakonde wa Newala aliyekuwa akiuza muhogo mkavu. Mimi ni Myao.

"Myao, viatu hivyo kalimie," aliniambia. "Timu yenu imeshanunuliwa na tajiri wa kwetu."

Nilimjibu kwamba mtu ambaye kwao maji ni ya shida hata hunawa uso kwa zamu hawezi kujua habari za matajiri. Watu wakacheka, nami nikacheka. Kwetu mtani huweza kuingia msibani akasema marehemu anajisingizia usingizi, na wafiwa wasikasirike. Neno la mtani halibebwi nyumbani, kwa hiyo sikumwambia mwenzangu yeyote.

Siku ya mechi tulipanda lori hadi Newala. Mwenyekiti wetu alikuwa ametangulia na jezi. Tulipoingia uwanjani tulikuta vijana tusiowajua wamezivaa, wakipasha misuli moto. Kipa alidhani tumekosea uwanja. Mwenyekiti alikuwa ameketi kivulini kando ya yule tajiri wa Newala, wala hakututazama. Kocha mgeni akatuambia kwamba timu imeuzwa, pamoja na jina lake na nafasi yake katika ligi. Kisha akaninyooshea kidole: kiungo peke yake anabaki.

Nikamgeukia kipa, mkubwa wetu kwa umri.

"Kaka, siwezi kuivaa jezi ile."

"Vaa, mdogo wangu. Angalau mmoja wetu apande."

Nikavaa. Mpira wa kwanza uliponijia niliinua kichwa, nikafungua mdomo, na sikuwa na jina la kuita. Walikimbia kushoto na kulia, simjui hata mmoja. Mpira ukaporwa miguuni pangu. Wenzangu walikuwa wamekaa chini kando ya mstari, hawazomei, hawashangilii. Wakati wa mapumziko nilivua jezi, nikaikunja, nikamrudishia kocha, nikaenda kukaa nao. Sikucheza ligi tena maishani.

Timu ile ilishinda na kupanda. Mmoja wa vijana wale, mwenye furaha na adabu zake, alitujia tukilisubiri lori. Alimpa kipa wetu shikamoo, akamshukuru kwa kutoka mbali kuja kuwashangilia.

Tulimtazama kipa.

"Marahaba," aliitika, "mwanangu."

Nawe unayesoma, Mola akulindie kazi ya mikono yako, akupe subira siku utakapopokonywa, na akujaalie wa kukaa nawe chini.