Arusi ya Maiti Arobaini

Msiba wa Shigetaro Kuwabara ni kwamba hakuwa mwongo. Mwongo angelala usingizi.

Kwa miaka hamsini aliwatambia Wajapani wa Los Angeles kwamba mwaka 1918, ilipopigwa ile filamu bubu ya mapenzi yenye wachezaji wakuu wawili wa kwetu, yeye ndiye aliyekuwa mshauri wa mila. "Wazungu hawakujua hata kimono kinafungwaje," alisema. "Mimi ndiye niliyewavika watu." Filamu yenyewe ilipotea, mikanda yote sita, na sifa yake ikanenepa raha mustarehe. Kwa sifa hiyo alipewa darasa la adabu na mavazi katika ukumbi wa hekalu, akakaripia vizazi viwili vya mabinti kwa jinsi walivyoinama na walivyoshika vijiti vya kulia.

Halafu mkanda mmoja, ule wa arusi, ukaonekana ghalani kwa mtu huko Fresno.

"Tutauonyesha Jumapili baada ya chakula cha mchana," alisema Bi Nakahama, mwenyekiti wa akina mama. "Na msimulizi ni wewe, Mwalimu."

Zamani kwetu Wajapani picha bubu haikuwa bubu. Kando ya pazia alisimama mtu akaisema yote, kuanzia machozi ya bibi arusi hadi kikohozi cha farasi.

Kuwabara akarudi nyumbani, akamwambia mkewe Tomie jambo ambalo hakuwahi kumwambia. Wakati ule alikuwa mkata majani wa miaka ishirini. Japani aliiacha akiwa na miaka sita, na hadi siku ile kimono alikuwa akivikwa na mama yake. Alipoulizwa kama anazijua mila, alisema anazijua. Akawavika watu arobaini wa kujazia arusi, upande wa kulia juu ya wa kushoto.

Tomie akaweka birika chini. Aliye hai hufunga wa kushoto juu. Wa kulia juu ni wa maiti anayesubiri kuchomwa.

"Wote arobaini?"

"Na wapiga ngoma."

"Mume wangu, uliozesha watu makaburini."

"Nijisingizie mafua?"

"Jisingizie. Darasa atalichukua Nakahama. Analimezea mate tangu vita viishe."

Jumapili ukumbi ulifurika, na Kuwabara akasimama kando ya pazia. Bwana na bibi arusi wakatokea paziani, nadhifu, maana wale walijivika wenyewe. Nyuma yao wakaingia maiti arobaini, wanatabasamu. Kuwabara akaomba Mungu mkanda uwe umegeuzwa nje ndani, kulia kuwe kushoto. Lakini mle pichani maandishi ya kibao cha mlangoni yakasomeka vizuri kabisa.

"Hawa," akasema kwa sauti nzito, "ni mizimu ya ukoo. Imekuja kubariki ndoa."

Watu kadhaa wakainamisha vichwa kwa heshima. Angeokoka, lau mzimu mmoja kijana usingejitokeza mbele, ukabugia mochi mbili, keki za mchele, kwa mpigo, ukajikuna tako, kisha ukaitazama kamera.

"Na huyo mzimu mbona ana njaa hivyo, Mwalimu?" Tomie akauliza kutoka safu ya kwanza.

Kicheko kilianzia kwake. Kuwabara alimtazama yule kijana mwenye mashavu yaliyojaa, akaona aibu haimfai tena kitu.

"Huyo si mzimu," akasema. "Huyo ni mimi. Hawa wote niliwaua mimi, asubuhi moja, kabla ya chai. Yule mnene alinionya. Nikamwambia, kaa kimya, mtaalamu ni nani hapa?"

Hakuacha tena kusema mpaka mkanda ukaisha. Wazee walikuwa wanafuta machozi kwa mikono ya nguo.

Bi Nakahama akasimama, akainama kwa pembe aliyofundishwa na Kuwabara mwenyewe.

"Mwalimu, darasa la mavazi nitaliongoza mimi."

"Liongoze, dada."

"Ila mkanda urudishwe mwanzo. Utusimulie tena, na mizimu yako uiache nje."

Kuwabara akanywa maji, akasubiri taa zizimwe. "Palikuwa na mkata majani mmoja," akaanza, "mjinga wa kupigiwa mfano, jina lake Shigetaro."