Jibu la Siku ya Pili

Usiku ule Profesa alikuja nyumbani kwangu, na mimi ndotoni najua kabisa kuwa amekufa, maana nilikuwa mmoja wa waliobeba jeneza lake. Naandika nilivyoota. Kama kuna mahali nimeongeza, si kwa kusudi. Elimu yangu ni darasa la saba, na ndoto haishikiki.

Alikuwa amekaa jikoni, kijana, kama siku ile alipofika kijijini kwetu na kinasa sauti chake, akitafuta wazee wa kumsimulia vita vya enzi za Mjerumani. Kilugha chetu hakukijua, basi mimi ndiye nikawa mkalimani wake.

"Bado unamimina chai kwenye sahani?" akaniuliza.

"Bado, Profesa."

"Basi hukustaarabika."

Tukacheka. Halafu jiko likawa si jiko, tuko uani kwa Mzee Lazaro, naye amekaa kwenye kigoda chake kana kwamba hatukumzika. Profesa anauliza: nani aliwaonyesha askari pango walimojificha watu wenu? Mzee Lazaro anajibu kuwa ni babu wa Filemoni, yule jirani. Natafsiri. Profesa anaandika.

Hapa lazima niseme jambo ambalo Profesa hakulijua. Kwetu, mzee akiulizwa habari za waliotangulia, siku ya kwanza hutoa jibu la kumpokea mgeni tu. Mgeni hulala, asubuhi hurudi, hukaa, ndipo huambiwa la kweli. Mimi nilijua. Sikumwambia, kwa sababu gari lilikuwa linamsubiri, na niliona haya kumfundisha msomi kazi yake. Akaondoka jioni ile ile. Kesho yake nilikwenda peke yangu, na Mzee Lazaro akaniambia, "Aliyewaonyesha pango ni babu yangu mimi. Mbona mgeni hakurudi?"

Sikumwambia mtu.

Haki ya mtu mpe: Profesa hakudanganya. Aliandika alichokisikia, na alikisikia kutoka kinywani mwangu. Kikawa kitabu. Kitabu kikampeleka redioni, kila Jumamosi, hata wauza nyanya sokoni wakaijua sauti yake. Redio ikampa ubunge. Kila alipopanda jukwaani alisimulia lile pango, na watu walilia, nami nililia, sijui kwa lipi.

Sasa tumo studio, yeye ni mzee, amevaa suti aliyozikwa nayo. Ng'ambo ya kioo wamekaa watu wa ukoo wa Filemoni, wametulia kama watu wanaosubiri daktari. Nawaona mabinti zake wawili waliovunjiwa uchumba kwa sababu ya hadithi ile. Hakuna anayenitazama. Profesa anafunika maikrofoni kwa kiganja.

"Siku ya pili alisema nini?"

Namwambia. Natamani anigombeze. Hanigombezi. Anaondoa kiganja, anaisogelea maikrofoni, anafungua kinywa kusahihisha, na inayotoka ni ile sauti yake ya Jumamosi, neno kwa neno, babu wa Filemoni, pango, askari. Anajaribu tena. Ile ile. Jasho linamtoka. Ng'ambo ya kioo Filemoni anainamisha kichwa.

"Unaona," Profesa ananiambia kwa mnong'ono. "Sisi tuliokufa hatuna jipya la kusema. Nenda wewe."

Nikaamka. Kulikuwa kunapambazuka. Niliwaza kwamba pengine ni malaria, pengine ni dhamiri tu inajitafutia mtu wa kusemea. Hata hivyo nilivaa viatu nikaenda na ujumbe wangu kwa Filemoni.

Nilimkuta barazani anapukuchua mahindi. Nilimweleza yote, lile jibu la siku ya pili, na kwamba kosa ni langu kuliko la Profesa. Mikono yake haikusimama.

"Una shahidi?" akauliza.

"Mzee Lazaro amekufa. Profesa naye amekufa."

Akachukua hindi jingine.

"Mkalimani, mjukuu wangu aliulizwa kwenye mtihani mwezi uliopita nani aliwaonyesha askari pango. Akaandika jina la babu yetu. Akawekewa vema." Akapuliza makapi mapajani. "Nilimfundisha mimi mwenyewe, asije akafeli."