Gari Likishiba Halishikiki

Simu ya mezani katika ofisi ya magari bado huita saa mbili na dakika kumi asubuhi. Anayepiga ni mtunza kituo cha kuchajia kule kwenye kiwanda cha mbao, mtu ambaye kwa miaka sita alizoea kuulizwa habari za umeme wake kabla hajamaliza chai. Sasa hakuna wa kumuuliza, naye hajaacha kusubiri swali. Simu huita mara saba, mara nane, madereva wakitazamana, kisha hunyamaza. Kiti cha nyuma ya meza kimesukumwa ukutani. Ramani haijabanduliwa, na matundu ya pini yanaonekana kandokando ya barabara ya mlima kama makovu ya ndui.

Aliyekaa kwenye kiti hicho madereva walimwita Bi Asilimia. Hakuwa fundi wala dereva. Kazi yake ilikuwa kupanga namna magari matano ya umeme yatakavyovuka mlima: yachaji wapi, kwa muda gani, mpaka kiasi gani. Kutoka mjini hadi upande wa pili ni kilomita mia mbili na kumi, na njia nzima ina pa kuchajia patatu tu. Pa kwanza ni kiwandani, mguuni mwa mlima. Pa pili ni kileleni, penye mnara wa hali ya hewa; mahali hapo wote hupaita Juu. Pa tatu ni zahanati, mwisho wa mteremko. Katikati ni mawe na ukungu, na vipande virefu ambako simu haishiki. Gari likikuzimikia humo, hakuna atakayekuletea umeme kwenye dumu.

Kompyuta ya kupangia safari alikuwa nayo, ila hakuiamini. "Hii haijawahi kushikwa na baridi," alisema. Kila asubuhi alipiga simu vituo vyote vitatu. Umeme upo? Plagi ipi inashika vizuri? Upepo unatoka wapi? Barabara ina maji? Kisha aliandika kadi kwa mkono, dereva akaibandika kwenye dashibodi: ondoka na asilimia tisini ya betri, fika Juu na ishirini na nane, jaza mpaka sabini na tano, shuka.

Hiyo sabini na tano iliwatatiza madereva wageni. Kwa nini usijaze kabisa, wakati mtambo uko mbele yako na mbele zaidi hakuna kitu? Aliwaeleza wote kwa subira ileile. Gari la umeme likishuka, dereva huinua mguu tu, na mota huugeuza mteremko kuwa chaji. Gari hujizuia lenyewe, kama mtoto aliyeshikwa mkono kwenye utelezi. Lakini betri iliyojaa haina pa kuiweka chaji hiyo, basi mkono unaachia. Dereva anabaki na breki za kawaida peke yake, na kona za kilomita kumi na nane huzichoma breki hizo mpaka mguu unazama sakafuni na gari halisikii la mtu. "Gari likishiba halishikiki," alimalizia, na madereva waliitikia kwa pamoja kama wanafunzi.

Aliishi vyumba viwili nyuma ya nyumba ya mdogo wake. Kila kitu alikipima kwa asilimia: maji ya tangi, afya ya majirani, hata mchumba aliyewahi kumjia zamani. "Alikuwa kwenye arobaini," alimwambia wifi yake, "na mbele yangu niliona kupanda tu."

Huyo mdogo wake alikuwa mmoja wa madereva watano, na ndiye aliyekuwa bora kuliko wote. Bi Asilimia alimlea tangu mama yao alipofariki, yeye dada akiwa na miaka kumi na tisa na mtoto ana mitano. Walikuwa hawafichani kitu. Kisha, mwezi wa baridi kali, dada alimwandikia kadi yenye kosa. Mtunza kituo wa Juu alikuwa amemwambia kwamba theluji imeanza kushika, naye akasahau kuiongeza baridi kwenye hesabu. Baridi ikaila chaji. Mdogo wake alizimika kilomita sita kabla ya kilele, na ndani ya gari kulikuwa na mama mwenye mtoto mchanga. Alivua koti akamfunika mtoto, akakaa hivyo kwa muda wa saa tisa mpaka trekta likaja kuwavuta polepole hadi Juu. Baridi iliondoka na ncha ya sikio lake la kushoto. Madereva wenzake wakampa jina: Kobe.

Yeye alicheka nao. Ila kuanzia siku hiyo, kila alipokuta plagi, alijaza mpaka mwisho. Akishuka bila abiria, gari jepesi, barabara kavu, alifika salama. Kila alipofika salama alizidi kuamini kwamba dada yake ni mwoga. Dada yake naye alizisoma takwimu za betri jioni, akaona tisini na tano, akaona tisini na nane. Aliifunga kompyuta. Angesema nini, na koti lile bado linanuka maziwa ya mtoto wa watu?

Siku yenyewe ilianza kwa mzaha. Madereva walikuwa uani wakifuta vioo, na mmoja wao, Domo, alipaza sauti: "Kobe! Trekta la leo tuliagize mapema au utatupigia ukiwa njiani?"

"Trekta liko kwenu," Kobe akajibu, "linamvuta shemeji kutoka kwenye maneno yako."

Wakaangua kicheko. Bi Asilimia alitoka na kadi mkononi.

"Mdogo wangu, hii yako. Umebeba walimu saba na masanduku ya mitihani. Gari ni zito. Juu ni sabini na tano, usipitishe."

"Nimesikia, Dada."

"Umesikia kwa sikio lipi?"

"Hili lililobaki zima."

Domo akainama kufuta tairi ambalo tayari lilikuwa safi. Kobe aliipokea kadi, akaitia mfukoni badala ya kuibandika, akaondoka na walimu wake. Walikuwa wakienda kusahihisha mitihani upande wa pili, na wawili kati yao walikuwa wakiimba.

Saa tano kasoro Bi Asilimia alipiga simu Juu. Mtunza kituo, mtu ambaye pua yake haikuwahi kufunguka mwaka mzima, aliitikia kwa kupiga chafya.

"Mzigo wangu umefika?"

"Umefika. Anajaza."

"Yuko ngapi?"

"Themanini na tisa."

Alisimama. "Themanini na tisa? Na wewe umekaa unamtazama?"

"Bi, mimi natunza mtambo, situnzi watu. Nizime?"

Neno moja tu lilihitajika. Lakini walimu walikuwa humohumo ndani wakiota moto, na mdogo wake alikuwa amesimama mbele yao akiwa dereva wao. Kumzimia umeme kungekuwa kumnyang'anya kijiko mdomoni mbele ya wageni.

"Mpe simu kwanza," alisema.

"Dada."

"Chomoa plagi."

"Huku nje ukungu umekuja mpaka mlangoni. Nishuke na nusu tumbo, nikwame tena na watu wa watu?"

"Kushuka hakuli chaji. Kushuka kunakupa. Unajua hilo."

"Najua. Hata siku ile ulikuwa unajua."

Alisikia upepo ukipiga mabati ya kituo. Domo, aliyekuwa ameingia kutafuta funguo, anasema alimwona akichomoa pini ya Juu kwenye ramani na kuirudisha palepale.

"Basi nenda polepole," alisema mwishowe.

"Leo hata kobe mwenyewe atanipita," akajibu, akicheka vizuri, kicheko chake cha zamani. Kisha simu ikakatika. Aliondoka Juu na tisini na sita.

Alitakiwa kufika zahanati saa sita na robo. Saa sita na nusu Bi Asilimia alipiga. Muuguzi alisema bado. Saa saba kasorobo alisema bado, labda ukungu. Saa saba hakupokea mtu.

Kilichotokea kilisimuliwa na dereva wa lori aliyekuwa akipanda. Alisikia honi kabla hajaona kitu, honi moja ndefu isiyokatika, ikitoka juu ndani ya ukungu, ikipotea kila kona na kurudi ikiwa karibu zaidi. Akaliegesha lori kando kabisa. Harufu ya breki zilizoungua ikatangulia, kisha gari likampita likiwa na moshi magurudumu yote manne. Anasema dereva alikuwa ameukaza usukani upande wa mlima, si upande wa bonde. Alilibamiza gari kwenye ukuta wa mawe, upande wake mwenyewe. Walimu sita walitoka na mifupa iliyovunjika. Wa saba, aliyekaa nyuma ya dereva, mmoja wa wale waliokuwa wakiimba, hakufika hospitali.

Kobe aliamka mguu wa kulia umekatwa chini ya goti. Mpelelezi wa ajali alipokuja na faili lake, alimkuta Bi Asilimia pembeni mwa kitanda.

"Kadi iliandikwa sabini na tano," Kobe alisema. "Aliyejaza ni mimi. Andika hivyo."

"Andika na hili," dada yake akasema. "Niliulizwa kama mtambo uzimwe. Sikusema uzimwe."

"Dada, nyamaza."

Mpelelezi aliishusha kalamu. "Mama, hilo si kosa kisheria."

"Sijakuuliza sheria."

Kobe aligeuza uso ukutani. Mkewe, aliyekuwa mlangoni na chupa ya uji, aliiweka chini taratibu akatoka.

Wiki ya tatu baada ya mazishi ya yule mwalimu, mtunza kituo wa Juu aliandika barua ya kuacha kazi, na nafasi yake haikuombwa na mtu. Bi Asilimia aliiomba. Mwenye kampuni alidhani anatania, akamkumbusha umri wake na baridi ya kule. Bi Asilimia alimwachia funguo za ofisi juu ya meza, akapanda gari la Domo na begi moja. Njia nzima, anasema Domo, hakuuliza hata mara moja betri iko ngapi.

Yuko Juu mpaka leo, mwezi wa kumi na nne sasa, na gari likifika sabini na tano huuzima mtambo kwa mkono wake bila kumuuliza dereva. Analala katika chumba cha nyuma ya mtambo, na mjini ameshuka mara moja tu, kung'oa jino.