Mashine ya Mama Nembo Ilivyokuwa Kiziwi

Mtaani walimwita Mama Nembo, maana nembo ndizo zilizomlisha: simba wa shule hii, tai wa shule ile, zote juu ya mifuko ya mashati. Mashine yake ya kutarizi ilikuwa kuukuu, na haikujua kuchora. Mchoro ulitoka kwenye kompyuta, ukapita katika waya mnene uliokuja na mashine yenyewe.

Kompyuta ilipokufa, zile mpya hazikuwa na tundu la waya ule. Shule zikaanza kumhama hadi ikabaki moja.

"Na hii ikienda, nimekwisha," alimwambia mumewe.

Fundi wa kompyuta alihangaika mpaka akapata moja ya zamani. Akaiweka mezani, akaigeuza mgongo.

"Dada, kompyuta huijui kwa uso. Ijue kwa mgongo. Hili la mviringo la zambarau ni la kibodi, la kijani la kipanya, haya bapa ya fleshi..." Simu yake ikaita, kompyuta za ofisi fulani zilikuwa zimezimika. "Nikirudi jioni namalizia. Usiguse huku nyuma. Matundu haya ni kama wakwe, kila mmoja na adabu yake."

Fundi hakuwa amefika mbali, mwalimu wa sare wa ile shule iliyobaki akapiga.

"Mama, kesho nakuja. Nikute simba hata mmoja nimwoneshe mkuu. Nisipomkuta, nabeba mashati yangu."

Mama Nembo akashindwa kukaa. Akauchukua ule waya. Kichwa kimoja kilikuwa na pini, kingine kilikuwa na matundu. Maisha yake yote alikuwa ameshona vifungo vya kubana, upande wenye kinundu ukiingia kwenye wenye kishimo. Nyuma ya kompyuta kulikuwa na tundu la buluu, lenye vishimo, umbo lile lile. Akaingiza kichwa chenye pini. Kikagoma katikati. Akakisukuma kwa kiganja.

Alipoushika waya wa skrini ndipo alipoona hauna pa kuingia isipokuwa hapo. Akakichomoa kile kichwa. Pini mbili zilikuwa zimelala juu ya wenzao. Akazinyoosha kwa sindano, taratibu, akageuza waya: kichwa chenye matundu kikaingia kwenye tundu jingine la kompyuta lenye pini, chenye pini kikaingia kwenye mashine, bila ubishi. Akawasha. Harufu ya plastiki ya moto ikapanda kutoka tumboni mwa mashine.

Jioni fundi aliifungua mashine.

"La buluu ni la skrini," alisema. "La mashine ni hili la chini, lenye pini zake lenyewe."

"Chenye pini si ndicho kinachoingia kwenye vishimo?"

"Ndiyo, dada. Ila vishimo vya nani? Hapa ni kumi na vitano, pini zako tisa. Zimepinda, mbili zimeendelea kugusana, umeme ukapita njia isiyo yake. Kadi ya kupokea michoro imeungua."

"Weka nyingine."

"Hazitengenezwi tena."

"Lakini sindano bado inacheza."

"Inacheza. Haisikii tu."



Asubuhi alitarizi simba kwa mkono kwenye mfuko wa shati moja. Mwalimu alipofika alilipeleka lile shati dirishani.

"Simba wako amefiwa, mama?"

"Ni wa mkono, mwalimu."

"Naona. Na haya magunia mawili ya mashati utayamaliza lini?"

Mwalimu akaanza kufunga magunia, si kwa hasira, kama mtu anayehamisha vyombo vya mgonjwa.

"Hilo shati ngoja," Mama Nembo alisema. "Kwingine hawatalipokea likiwa hivyo."

Akakaa na shati mapajani, akamfumua simba uzi kwa uzi, kuanzia manyoya ya shingo. Kisha akausugua mfuko kwa ukucha ili alama za sindano zijifunge, akalikunja, akampa.